Errol Morris na Filamu za Uhalifu wa Kweli: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Errol Morris ni nani, na kwa nini jina lake hutajwa kila filamu za uhalifu wa kweli zinapozungumzwa?

Ni mwandishi na mwongozaji wa filamu wa Marekani, aliyezaliwa katika jimbo la New York mwaka 1948. Filamu yake ya tatu, *The Thin Blue Line*, ilitoka mwaka 1988 na kuchunguza upya mauaji ya askari polisi wa mji wa Dallas, Texas. Mwaka uliofuata, mtu aliyekuwa amekaa gerezani zaidi ya miaka 12 kwa mauaji hayo aliachiwa huru. Filamu nyingi za aina hii tunazozitazama leo zimekopa kwake matukio yaliyoigizwa upya, muziki unaojirudia na mashahidi wanaozungumza kana kwamba wanamtazama mtazamaji machoni. Zilichokopa ni sura ya nje. Kazi iliyo nyuma yake, ya kusoma majalada ukurasa kwa ukurasa na kumsikiliza kila shahidi hadi maneno yake yaanze kujipinga, haikopeki kirahisi, na ndiyo inayopewa nafasi kubwa katika majibu haya.

Je, alisomea utengenezaji wa filamu?

Hapana. Alipata shahada ya historia katika Chuo Kikuu cha Wisconsin mwaka 1969, kisha akaenda Princeton kusoma historia ya sayansi, na baadaye Berkeley kusoma falsafa. Princeton alikosana na mwalimu wake, mwanafalsafa Thomas Kuhn, na kwa maelezo ya Morris mwenyewe ugomvi huo ulifikia hatua ya Kuhn kumrushia kisahani cha majivu ya sigara. Kuhn aliandika kwamba wanasayansi wa zama tofauti huuona ulimwengu kwa namna zisizoweza kupimwa kwa kipimo kimoja. Morris aliona kwamba fikra hiyo, ikifuatwa hadi mwisho wake, inaufanya ukweli kuwa suala la nani anatazama, na mwaka 2018 alichapisha kitabu kizima cha kuipinga. Kisa hiki kinaweza kuonekana kiko mbali na mauaji ya Texas, lakini nadhani bila hicho kazi yake haieleweki. Mtu anayeshikilia kwamba aliyefyatua risasi ni mmoja na si mwingine, hata kama watu kumi wameapa vinginevyo, ndiye anayeweza kuvumilia kuitafuta risasi hiyo kwa miaka mitatu.

Alianzaje kuhoji wauaji?

Akiwa Berkeley alivutiwa na kesi ya Ed Gein, muuaji wa mji mdogo wa Plainfield, Wisconsin. Alimhoji Gein katika hospitali ya wagonjwa wa akili alikofungwa, na akakaa Plainfield kwa muda mrefu akizungumza na wenyeji. Mradi huo haukuzaa filamu wala kitabu, ila ulimpa mbinu yake. Alijiwekea mchezo wa kuhoji akizungumza kwa uchache kadiri awezavyo, na kaseti iliyomfurahisha ni ile ambayo sauti yake mwenyewe haikusikika kwa muda mrefu. Mtu akiachwa aseme bila kukatizwa hueleza alichokusudia kueleza, kisha, ukimya unapoendelea, huanza kueleza ambacho hakukikusudia.

Ni kweli kwamba aliwahi kuwa mpelelezi?

Ni kweli. Baada ya filamu zake mbili za kwanza, *Gates of Heaven* ya mwaka 1978 na *Vernon, Florida* ya mwaka 1981, hakupata fedha za kutengeneza nyingine, akaajiriwa kama mpelelezi binafsi mjini New York. Hata hiyo filamu ya Vernon ilianza kama uchunguzi wa uhalifu: alikuwa amesikia kuhusu watu waliojikata viungo ili walipwe bima, akaenda kuwatafuta, na alipotishiwa akaigeuza kuwa filamu ya mazungumzo ya wakazi. Miaka ya upelelezi haikuwa ya kupotea. Alijifunza kugonga mlango wa mtu asiyetaka kuzungumza na kukaa naye hadi azungumze.

Kesi ya The Thin Blue Line ilihusu nini hasa?

Mwishoni mwa Novemba 1976, Randall Dale Adams, kibarua kutoka Ohio, alikuwa amefika Dallas siku chache tu zilizopita na kupata kazi. Jumamosi moja gari lake liliishiwa mafuta, akapewa lifti na kijana wa miaka 16, David Harris, aliyekuwa anaendesha gari aliloliiba huko kwao Vidor, mashariki mwa Texas, akiwa na bastola ya baba yake. Wawili hao walishinda pamoja, wakanywa bia, na jioni wakaenda kwenye sinema ya kutazamia ndani ya gari. Adams alisema kwamba baadaye alirudi katika moteli aliyokuwa amepanga na kaka yake, akatazama televisheni, akalala.

Muda mfupi baada ya saa sita usiku, kuamkia tarehe 28 Novemba, askari Robert Wood alisimamisha gari lililokuwa likienda bila kuwasha taa. Alipolikaribia dirisha la dereva alipigwa risasi kadhaa akafariki dunia, na gari likatoweka. Askari mwenzake, mmoja wa wanawake wa kwanza kupangiwa doria katika jeshi la polisi la Dallas, alidhani ni gari aina ya Vega, na polisi wakasaka magari ya Vega kwa wiki kadhaa. Lile la wizi lilikuwa Mercury Comet.

Harris alirudi Vidor akawatambia rafiki zake kwamba ameua polisi Dallas. Alipokamatwa aliwaonyesha polisi bastola ilikofichwa, kisha akabadili maneno: aliyefyatua risasi, alisema, ni Adams. Kwa umri wake Harris hakuweza kuhukumiwa kifo chini ya sheria za Texas. Adams aliweza, na mwaka 1977 alihukumiwa kifo.

Kwa nini hakuuawa?

Alikaribia sana. Tarehe ya kuuawa kwake ilikuwa 8 Mei 1979, na jaji wa Mahakama Kuu ya Marekani, Lewis Powell, aliisimamisha siku tatu kabla. Mwaka 1980 mahakama hiyo iliamua kwamba namna wajumbe wa juri, yaani raia 12 wanaoamua hatia ya mshtakiwa, walivyochaguliwa ilikiuka katiba, kwa kuwa waliondolewa watu waliokiri tu kwamba adhabu ya kifo ingeweza kugusa uamuzi wao. Hapo kesi ingeweza kusikilizwa upya. Badala yake gavana wa Texas alibadilisha adhabu kuwa kifungo cha maisha, na kwa kuwa hukumu ya kifo haikuwapo tena, mlango wa kesi mpya ukafungwa. Huruma ya gavana ilimwokoa Adams na kifo, na papo hapo ikamzika gerezani.

Morris aliifikiaje kesi hii?

Aliifikia akitafuta jambo jingine. Mwaka 1985 alikwenda Texas kutengeneza filamu kuhusu Dk. James Grigson, daktari wa magonjwa ya akili aliyepewa jina la Daktari Kifo. Sheria ya Texas ililitaka juri lijibu kama mshtakiwa ataendelea kuwa hatari kwa jamii, na Grigson alikuwa shahidi wa upande wa mashtaka aliyekuja kuapa, kesi baada ya kesi, kwamba ndiyo, bila shaka yoyote, mara nyingi baada ya mazungumzo mafupi sana na mshtakiwa. Adams alikuwa mmoja wa watu hao. Chama cha madaktari wa magonjwa ya akili cha Marekani kilimfukuza Grigson uanachama mwaka 1995.

Grigson mwenyewe ndiye aliyemhimiza Morris akawahoji wafungwa aliowatolea ushahidi. Adams alipomwambia kwamba hana hatia, Morris hakumwamini. Wafungwa wengi husema hivyo. Kilichombadilisha ni kusoma kumbukumbu za mwenendo wa kesi, kisha kukutana na Harris uso kwa uso.

Aligundua nini ambacho mahakama haikukiona?

Jibu la swali hili ndilo moyo wa filamu, kwa hiyo linastahili urefu. Ushahidi dhidi ya Adams ulisimama juu ya Harris na mashahidi wachache waliodai kumwona dereva walipopita na magari yao usiku. Morris aliwatafuta mmoja mmoja akawaweka mbele ya kamera. Shahidi mmoja wa kike alikuwa amelieleza juri kwamba alimtambua Adams katika gwaride la utambuzi. Mbele ya Morris, akizungumza kwa uchangamfu na bila kubanwa, alieleza kwamba katika gwaride alimchagua mtu mwingine, na kwamba polisi ndiye aliyemwonyesha yule aliyepaswa kumchagua. Inaelekea hakujua uzito wa alichokisema. Morris alipata pia majalada ya ofisi ya waendesha mashtaka, na katika filamu inaonekana kwamba kesi ya unyang'anyi iliyomkabili binti wa shahidi huyo ilifutwa.

Kisha kuna kikombe cha maziwa ya barafu. Utaratibu wa polisi ulimtaka askari wa pili ashuke na kusimama nyuma ya gari lililosimamishwa wakati mwenzake anakwenda kwa dereva. Swali ni kama askari yule alikuwa nje, mahali ambapo angeweza kumwona dereva na namba za gari, au alikuwa bado amekaa ndani ya gari la polisi na kinywaji chake. Katika filamu kikombe kinarushwa hewani kwa mwendo wa polepole, kinageuka, kinaanguka kando ya barabara na maziwa yanamwagika. Picha inadumu sekunde chache tu. Mtazamaji asiyekuwa makini huiona kama urembo, ilhali ni hoja: maziwa yalimwagika mahali fulani, na mahali hapo panasema shahidi alikuwa wapi, na alipokuwa panasema angeweza kuona nini.

Morris hakuleta kipimo kipya cha kitaalamu wala shahidi aliyefichwa. Karibu kila alichokionyesha kilikuwa tayari kwenye jalada au vinywani mwa watu wale wale waliokwisha kuapa mahakamani.

Je, muuaji alikiri?

Alikaribia kukiri, kwa maneno yasiyohitaji tafsiri. Katika mahojiano ya mwisho, Desemba 1986, kamera iliharibika na Morris akabaki na kinasa sauti. Ndiyo maana filamu inaishia kwa picha ya kaseti inayozunguka. Harris, ambaye wakati huo alikuwa amehukumiwa kifo kwa mauaji mengine aliyoyafanya Beaumont mwaka 1985, anaulizwa kama Adams hana hatia, anasema ana hakika hana. Anajuaje? Anajibu kwamba yeye ndiye anayejua. Harris aliuawa na serikali ya Texas mwaka 2004 kwa mauaji ya Beaumont, na hakuwahi kushtakiwa kwa kifo cha Robert Wood.

Ni haki kusema kwamba filamu ndiyo iliyomtoa Adams gerezani?

Ni haki kusema kwamba bila filamu asingetoka wakati ule, lakini filamu haina mamlaka ya kufungua gereza. Wakili wake alikuwa akiipigania kesi kwa miaka. Baada ya filamu kuonyeshwa, mahakama ya Dallas ilisikiliza ombi lake mwishoni mwa 1988, Harris akafuta ushahidi wake mwenyewe, na jaji akapendekeza kesi isikilizwe upya. Mahakama ya rufani za jinai ya Texas ilitengua hukumu mapema mwaka 1989, na Adams akatoka mwezi Machi. Waendesha mashtaka hawakumshtaki tena. Hakulipwa fidia yoyote na serikali, jambo ambalo mpaka leo ni gumu kulisoma bila hasira. Alifariki dunia mwaka 2010.

Kama filamu inahusu ukweli, kwa nini iigize tukio?

Huu ndio ulalamishi wa zamani kuliko wote. Jibu liko katika namna uigizaji ulivyotumika. Tukio la barabarani linarudiwa mara nyingi, na kila mara linafuata maelezo ya shahidi anayezungumza wakati huo: mara dereva ana nywele hivi, mara vile, mara askari wa pili yuko nje, mara yuko ndani. Hakuna toleo hata moja ambalo filamu inasema, hivi ndivyo ilivyokuwa. Kinachoigizwa ni madai, yakiwekwa bega kwa bega ili mtazamaji aone hayawezi yote kuwa kweli. Filamu nyingi za leo huigiza toleo moja, kwa mwanga hafifu na muziki wa kutisha, na kumwacha mtazamaji akidhani ameona mauaji. Kwa maoni yangu huo ni udanganyifu, hata pale simulizi lenyewe linapokuwa sahihi.

Je, filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar?

Hapana, wala haikuteuliwa. Waliokuwa wakichagua filamu za hali halisi mwaka ule waliikataa, na inasimuliwa sana kuwa uigizaji ndio uliowaudhi. Wahakiki wa New York waliichagua kuwa filamu bora ya hali halisi ya mwaka 1988, na chama cha waandishi wa riwaya za upelelezi wa Marekani kiliipa tuzo yake ya Edgar. Oscar alikuja kuipata kwa *The Fog of War*, filamu ya mwaka 2003 kuhusu Robert McNamara, aliyekuwa waziri wa ulinzi wakati wa vita vya Vietnam.

Kwa nini Adams alimshtaki mtu aliyemsaidia?

Akiwa gerezani Adams alitia saini mkataba uliompa Morris haki za kusimulia maisha yake. Alipotoka alitaka haki hizo zirudi kwake, na shauri likamalizwa kwa makubaliano nje ya mahakama. Wengine hukitaja kisa hiki kama utovu wa shukrani, nami sikubaliani nao. Mtu aliyenyang'anywa miaka 12 ana sababu nzuri ya kutaka angalau simulizi la miaka hiyo liwe mali yake. Kosa, kama lipo, liko kwenye utaratibu wa filamu hizi kuwapa wafungwa makaratasi ya kusaini wakati hawana nafasi ya kukataa. Anayeandika kuhusu mfungwa ahakikishe mkataba unaeleza wazi haki zinahusu filamu gani, kwa muda gani, na kwamba mhusika amepata mwanasheria wa kumsomea.

Kwa nini watu katika filamu zake za baadaye humtazama mtazamaji moja kwa moja?

Alibuni kifaa kinachoitwa Interrotron. Ni vioo vya aina ile ile wanayotumia wasomaji wa habari kusoma maandishi mbele ya kamera, isipokuwa badala ya maandishi anayehojiwa huona sura ya Morris, na Morris huona sura yake. Kwa hiyo wanatazamana, na kamera iko katikati ya macho yao. Katika *The Thin Blue Line* kifaa hicho hakikuwapo bado.

Filamu hizi zinamkumbuka aliyeuawa?

Mara nyingi hapana, na hata filamu hii bora haikwepi lawama hiyo. Robert Wood yumo kama mwili unaoanguka barabarani, michoro ya majeraha na sare yenye matundu ya risasi, huku maisha yake yakigusiwa kidogo sana. Mtu anaweza kujibu kwamba kumfunga asiye na hatia kulimdhulumu Wood pia, kwa kuwa muuaji wake alibaki huru na akaua tena, na jibu hilo ni la kweli. Hata hivyo familia ya marehemu husikia mambo mengine kabisa inapoona mauaji ya ndugu yao yakirudiwa tena na tena kwenye skrini. Mwandishi wa filamu kama hii anapaswa kuwatafuta ndugu kabla ya kurekodi chochote, na kuwaambia mapema kile kitakachoonyeshwa.

Mtu anaweza kuishi kwa kazi hii?

Morris mwenyewe hakuishi kwa filamu peke yake. Kwa miaka mingi ametengeneza matangazo ya biashara ya televisheni, na ndiyo yaliyompa nafasi ya kukaa na mradi mmoja kwa muda mrefu. Anayepanga kuingia katika kazi hii na awe na kipato kingine, kwa sababu uchunguzi unaoharakishwa na kodi ya nyumba huishia kuamini shahidi wa kwanza.

Kwa nini anahesabiwa kuwa mwandishi?

Ameandika vitabu na makala ndefu, nyingine katika gazeti la *New York Times*, kuhusu namna picha zinavyotupotosha. Kitabu chake cha uhalifu ni *A Wilderness of Error*, cha mwaka 2012, kinachomhusu Jeffrey MacDonald, daktari wa jeshi aliyepatikana na hatia mwaka 1979 kwa kuwaua mkewe mjamzito na binti zao wawili huko Fort Bragg mwaka 1970. Morris anajenga hoja kwamba kesi ile iliendeshwa kwa upendeleo. Mahakama hazikukubaliana naye, na hukumu haijatenguliwa. Binafsi naona kitabu kina nguvu zaidi kinapoonyesha jinsi ushahidi ulivyopotezwa au kuvurugwa siku za mwanzo kuliko kinapotaka tuamini MacDonald hana hatia. Anayekisoma akisome pamoja na hukumu zenyewe.

Anayetaka kuandika filamu za namna hii Afrika Mashariki aanzie wapi?

Aanze na hukumu, kama Morris alivyoanza na kumbukumbu za kesi. Hukumu za mahakama za Kenya zinapatikana bure kupitia tovuti ya Kenya Law, na za Tanzania kupitia tovuti ya TanzLII. Achague kesi moja ya mauaji iliyokwisha kuamuliwa hadi rufani ya mwisho, asome hukumu ya mahakama ya chini na ya juu, kisha aandike kila jambo ambalo majaji walilitegemea na nani alilisema. Orodha hiyo ndiyo mswada wa kwanza. Kesi ambayo bado iko mahakamani aiache kwanza, kwa sababu kuizungumzia hadharani kunaweza kuathiri haki ya mshtakiwa na kumweka mwandishi mwenyewe matatani.

Nitazame filamu zake kwa mpangilio gani?

Anza na *The Thin Blue Line*, na uitazame mara mbili. Mara ya pili ufuatilie tu kila shahidi anasema alisimama wapi na mwanga ulitoka wapi. Kisha *Mr. Death* ya mwaka 1999, kuhusu mtengenezaji wa vifaa vya kutekelezea adhabu ya kifo aliyejiaminisha kwamba vyumba vya gesi vya Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, havikuwapo. Baada yake tazama *Standard Operating Procedure* ya mwaka 2008, kuhusu picha za mateso ya gereza la Abu Ghraib nchini Iraq, ukijua kwamba Morris alikosolewa kwa kuwalipa baadhi ya waliohojiwa. *Wormwood*, mfululizo wa sehemu sita wa mwaka 2017 kuhusu mwanasayansi Frank Olson aliyeanguka kutoka dirisha la hoteli New York mwaka 1953, unahitaji uvumilivu zaidi kwa kuwa unachanganya mahojiano na waigizaji wa tamthilia. *Chaos*, ya mwaka 2025, inayohusu mauaji yaliyofanywa na kundi la Charles Manson, ni fupi na inaweza kutazamwa wakati wowote.